Meno ya Bombay, Meno ya Brennan

Vijana waliokulia kwenye mabanda ya video wana jina la mtu mkuu wa picha: steringi. Steringi hafi, husema, hata picha ikiwa ya vita. Akiruka kutoka kwenye gari linalokwenda mbio, aliyeruka ni mtu mwingine aliyevalishwa nguo zake. Akipotea porini, pembeni yake yupo mzee mcheshi anayeijua njia. Huyo wa pembeni na yule wa kuanguka kwa niaba ndio wanaoibeba picha mgongoni, na malipo yao ni kukumbukwa sura bila kukumbukwa jina. Hollywood iliwahi kuwa na mtu aliyezifanya kazi zote mbili, Walter Brennan, na mwaka 1939 alipewa nafasi katika filamu ya Stanley and Livingstone, ambayo hadithi yake ni ya njia yetu ya misafara, ile ya kutoka pwani kupita Unyanyembe mpaka Ujiji. Ninachodai hapa ni kwamba nafasi aliyopewa Brennan ilikuwa na mwenyewe. Mwenyewe alikuwa Sidi Mubarak Bombay, na kusema kwamba alisahauliwa ni kuwapunguzia mzigo waliomtendea. Kazi yake ilichukuliwa, ikapasuliwa vipande viwili, wakapewa wengine.

Tuanze na aliyepewa, maana ni mtu wa kustahili heshima yake. Brennan alizaliwa mwaka 1894 mjini Lynn, jimbo la Massachusetts, akapigana Ulaya katika Vita Kuu ya Kwanza, kisha akahamia California, akachuma fedha kwa biashara ya ardhi na fedha hizo zikapotea. Ndipo akaingia studio kwa mlango wa uani, kama walivyoingia wengi miaka ile ya 1920: kusimama ndani ya kundi la watu wasiosema neno, kuanguka, kupigwa, kuinuka na kurudia. Mwanzoni mwa miaka ya 1930 aliumia kazini, akang'oka meno. Kwa mwigizaji anayeishi kwa uzuri wa sura, huo ungekuwa mwisho wa riziki. Kwake ukawa mwanzo. Alitengenezewa meno ya bandia, na akiyatoa tu, mwanamume wa miaka 40 aligeuka kikongwe wa 70 hapo hapo, mashavu yamebonyea, midomo imeingia ndani, maneno yanatoka na upepo. Husimuliwa kwamba alipoitwa kwa kazi mpya swali lake la kwanza lilikuwa wanamtaka na meno au bila meno. Tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi ilipoanzishwa kwa filamu za mwaka 1936, yeye ndiye aliyekuwa wa kwanza kuishika; akaishika tena kwa filamu ya mwaka 1938, na tena kwa ya mwaka 1940. Siku hizo hata wale wa kusimama nyuma walikuwa na kura, na wapo wanaoeleza ushindi wake kwa kura hizo: wasio na majina walimpigia mwenzao. Hata kama maelezo hayo yana chumvi, yanatuonyesha kwamba Hollywood ya miaka ile ilijua vizuri sana thamani ya mtu wa pili. Ilimtungia tuzo.

Sasa mwenye nafasi. Bombay alizaliwa yapata mwaka 1820 katika nchi ya Wayao, akatekwa utotoni, akauzwa Kilwa, akavushwa bahari hadi Gujarat, Bara Hindi. Bwana wake alipofariki akawa huru, akarudi Unguja, na mwaka 1857 Richard Burton na John Speke wakamkuta akiwa askari wa Sultani katika ngome ndogo ya bonde la Pangani. Alikuwa na meno yaliyochongwa na alikuwa na Kihindustani, na hicho cha pili ndicho kilichompa kazi, kwa sababu maofisa hao wawili walikuwa wametumikia jeshi la India. Amri ya Speke ilitoka kwa Kihindustani, ikapita mdomoni mwa Bombay, ikamfikia mpagazi kwa Kiswahili. Alifika nao Kazeh, yaani Tabora, mwezi Novemba mwaka ule, akafika Ujiji mwaka 1858, akaenda na Speke hadi kusini mwa Ziwa Nyanza. Akaenda tena na Speke na Grant kati ya mwaka 1860 na 1863, safari iliyomtoa pwani yetu ikamfikisha Misri. Mwaka 1871 akawa na Henry Stanley, aliyekuwa akimtafuta Livingstone. Mwaka 1873 akaondoka na Cameron, na walipoacha kutembea walikuwa kwenye bahari ya upande wa pili, Angola. Inakadiriwa kwamba alitembea maili 6,000 hivi, nyingi kwa miguu yake mwenyewe. Mabwana walibadilika, vitabu vikabadilika, naye yumo karibu kila kimoja, nafasi ileile ya pembeni: mkalimani, mpatanishi, msimamizi wa askari, na pia mtu wa kulaumiwa kitambaa kikipotea.

Na yeye pia alikuwa na pengo. Stanley alipomwona mara ya kwanza Unguja aliona meno ya juu yamepungua, akaandika kwa utani usiochekesha kwamba ngumi ya Speke ndiyo iliyoacha pengo hilo, uvumilivu wa bwana ulipokwisha. Speke naye katika kitabu chake anakiri kwamba alimpiga. Basi tuna watu wawili walioachiwa mapengo na kazi ileile ya kuwa wa pili. Mmoja pengo lake likawa mtaji, mwingine likawa mzaha wa kitabuni. Lakini Stanley huyohuyo, akiwa na pengo lile mbele ya macho yake, aliandika mkataba. Bombay alipewa dola 80 kwa mwaka, nusu yake taslimu kabla ya kuondoka, pamoja na bunduki ya kushindilia, bastola, kisu na shoka. Wenzake watano waliowahi kusafiri na Speke, Ambari, Mabruki, Ulimengo, Baruti na Uledi, walipewa dola 40 kila mmoja. Askari wa kawaida dola 36. Hayo ni madaraja ya mshahara, na penye madaraja ya mshahara pana ufundi unaotambuliwa.

Hapa mtu anaweza kuuliza kama si kutia chumvi kuuita upagazi ufundi. Wengi wetu tulifundishwa msafara kwa picha moja, ya minyororo shingoni na pembe begani, na minyororo kweli ilikuwapo. Biashara ya watumwa ilipita njia hii na haifai kufunikwa. Ila uti wa mgongo wa njia ya kati ulikuwa mpagazi wa Kinyamwezi, mtu huru aliyejiajiri kwa ujira. Wanyamwezi walikuwa wakishuka pwani na pembe zao tangu mwanzoni mwa karne ya 19, kiangazi kwenda, kurudi kabla ya masika kulima. Kijana asiyewahi kuiona bahari alihesabiwa bado mtoto, na watoto walizoezwa mabega kwa pembe ndogo. Mzigo wa kawaida ulikuwa frasila mbili, ratili 70 hivi, kwa mwendo wa karibu kilomita 800 kati ya Bagamoyo na Tabora. Msafara wa Stanley ulitumia siku 84. Mbele alikwenda kirangozi na bendera, vazi jekundu, manyoya kichwani na mtu wa ngoma nyuma yake, na hakuna aliyeruhusiwa kumtangulia. Anayetaka kujua kama watu hawa walielewa maana ya kuvaa kwa ajili ya kutazamwa, amwangalie kirangozi akiingia kijijini.

Walijua pia bei ya nguvu zao. Oktoba 1871, kusini mwa Tabora, karibu na mto Gombe, watu wa Stanley walitaka siku moja zaidi ya kupumzika na kula nyama. Bwana akakataa. Wakajitwika mizigo, wakatembea kidogo, kisha mmoja baada ya mwingine wakaitua njiani. Asmani, mmoja wa waongozaji, akainua bunduki, Stanley akainua yake, na balaa likazuiwa na Mabruki aliyetokea nyuma ya Asmani na kuipangusa ile bunduki pembeni. Stanley ameisimulia siku hiyo kama uasi alioukomesha kwa ushujaa. Mtu aliyewahi kuona wafanyakazi wakiweka zana chini ataiita kwa jina jingine. Na ujira wenyewe una kisa ndani yake. Sehemu kubwa ya mali ya msafara ilikuwa kitambaa, na kitambaa cha heshima kilikuwa merikani, kilichopata jina lake kwa sababu kililetwa na meli za Marekani, hasa za bandari ya Salem, Massachusetts. Lynn alikozaliwa Brennan inapakana na Salem. Mpagazi wa Unyanyembe alilipwa kwa nguo iliyopakiwa jirani na kitanda alichozaliwa mtu ambaye baadaye angetembea, kwenye pazia la sinema, njia ya mpagazi huyo.

Kabla ya pazia, hata hivyo, kulikuwa na jukwaa, na jukwaa lilianzia Tabora hasa. Septemba 1871 Stanley alikuwa Kwihara, katika tembe aliloazimwa, akisubiri njia ifunguke baada ya mtemi Mirambo kuwatimua Waarabu na washirika wao. Mfanyabiashara mmoja wa Kiarabu akamzawadia mtoto mtumwa aliyeitwa Ndugu M'hali, jina lililomaanisha mali ya ndugu. Stanley hakulipenda. Akawaita wakubwa wa msafara watoe jina jipya. Mmoja akasema Simba, mwingine Ng'ombe, Bombay akapendekeza aitwe Bombay Mdogo. Ulimengo akamtazama mtoto, jinsi macho na miguu yake ilivyokuwa myepesi, akasema Kalulu, yaani swala mdogo. Likaletwa bakuli la maji, mtoto akapewa jina kwa mzaha wa ubatizo. Aliyesimamia shughuli hiyo naye alikuwa anaishi kwa jina la kupanga, kwani Henry Stanley alizaliwa Wales akiitwa John Rowlands. Mwaka uliofuata Kalulu alikuwa Ulaya na Marekani, akionyeshwa kwa watu. Katika studio ya picha ya London Stereoscopic Company alisimamishwa na bwana wake, bwana amevalia mavazi ya safari na yeye ameshika silaha, kana kwamba nje ya mlango ule ni pori la Ugogo na si mtaa wa London. Mwaka 1873 akafanywa mhusika wa riwaya ya Stanley, My Kalulu. Mwaka 1877 alizama katika maporomoko ya mto Kongo, safarini na Stanley yuleyule. Mtoto wa Tabora alipewa jina la jukwaani, vazi, picha ya studio na kitabu, miongo kadhaa kabla Hollywood haijawa na studio hata moja. Filamu ilipokuja ilikuta utaratibu wote umekwisha pangwa: safari inarudiwa mbele ya lenzi, mzungu katikati, Mwafrika pembeni kama ushahidi kwamba bwana kweli alifika.

Turudi mwaka 1939. Kampuni ya Twentieth Century-Fox, chini ya Darryl Zanuck, ilimpa Henry King kazi ya kuongoza, Spencer Tracy akawa Stanley, Cedric Hardwicke akawa Livingstone. Kikosi kikiongozwa na Otto Brower, na Osa Johnson akiwa mshauri, kilikuwa kimeletwa Afrika Mashariki kupiga picha za misafara, nyika na wanyama katika Kenya, Uganda na Tanganyika. Tracy hakuja. Anayeonekana kwa mbali akitembea mbele ya wapagazi chini ya jua la kweli ni mtu mwingine aliyevaa kofia yake, na wapagazi wanaoonekana nyuma yake ni watu wa huku, wakibeba mizigo kwa ujira kama walivyobeba babu zao. Kumbe hata Stanley wa sinema alitembezewa. Humo ndani Brennan ni Jeff Slocum, mpelelezi wa Magharibi ya Marekani, mjuzi wa vita vya Wahindi Wekundu, mtu wa kuguna, kutania na kumtunza bwana wake. Hajawahi kuwapo duniani. Mtumishi wa Kiafrika katika filamu ni Mmarekani mweusi Everett Brown, yuleyule aliyekuwa Big Sam katika Gone with the Wind ya mwaka huohuo, na humu amepewa jina la Bongo. Msomaji wa Dar es Salaam atacheka, na ana haki. Ndipo ninaposema kazi ilipasuliwa: busara, uzoefu na ulimi wa Bombay vilikwenda kwa Slocum, misuli ikaenda kwa Bongo. Mtu mmoja aliyekuwa na vyote viwili akatoweka katikati.

Watetezi wa filamu hiyo wana hoja, na baadhi si dhaifu. Ya kwanza ni kwamba Stanley kweli alikuwa na wenzake weupe, kwa hiyo Slocum hakutungwa kwa hewa tupu. Ni kweli, walikuwa wawili, William Farquhar na John Shaw, mabaharia aliowachukua kabla ya kuingia bara. Farquhar aliugua akaachwa Mpwapwa, akafa. Shaw alifika Tabora, akaanza naye safari ya Ujiji, akashindwa baada ya siku chache, akarudishwa Kwihara juu ya machela, akafa na kuzikwa huko. Hakuna aliyeona Ujiji. Aliyeingia Ujiji na Stanley Novemba 1871 ni Bombay. Filamu ingemfuata Shaw kwa uaminifu, mzee wa kuchekesha angezikwa kabla ya nusu ya pili. Kwa hiyo waandishi hawakuichagua historia ya wenzake weupe. Walichagua rangi ya hao na mafanikio ya Bombay.

Ya pili ndiyo inayotajwa mara nyingi zaidi: kwamba ile ilikuwa enzi yake, na Hollywood ya wakati ule isingeweza kumpa Mwafrika nafasi ya uzito huo. Ingeweza, kwa sababu ilikwisha fanya hivyo. Miaka minane nyuma MGM ilitoa Trader Horn, filamu ambayo mwongozaji wake, W. S. Van Dyke, aliipiga huku kwetu mwaka 1929, na mbeba bunduki Renchero aliigizwa na Mkenya, Mutia Omoolu. Hakuwa kivuli cha nyuma. Ni mmoja wa wahusika wakuu, na studio ilimsafirisha hadi California kumalizia sehemu zilizobaki. Jina lake liliingia hata katika filamu za Tarzan, ambako mlima wa kubuni uliitwa Mutia. Sitii asali: Renchero naye anakufa kwa ajili ya bwana wake. Lakini alikuwapo, kwa sura yake, na watazamaji wa Marekani hawakukimbia ukumbini. Na kwa filamu za mwaka uleule wa 1939, Hattie McDaniel alitwaa Oscar ya mwigizaji msaidizi wa kike, mtu mweusi wa kwanza kupata tuzo hiyo. Enzi hujibu mengi, ila hili halilijibu.

Ya tatu inatoka upande wa vitabu. Stanley anamchora Bombay kama mvivu na msahaulifu, Cameron naye alimlalamikia, basi mwandishi wa filamu angemtoa wapi shujaa? Ningewashauri wenye hoja hii wasome vitabu hivyo kama mtu anavyosoma malalamiko ya mwenye gari kuhusu dereva wake. Maneno ni nafuu. Angalia nani anaajiriwa tena. Burton, ambaye hakuwa mwepesi wa kumsifu mtu yeyote, alimsifu. Speke alimchukua mara ya pili, na hata alipompiga alibaki naye. Stanley alimtafuta yeye hasa kwa sababu ya safari zilizotangulia. Cameron alimchukua akijua yote yaliyoandikwa juu yake. Mwaka 1876 Jumuiya ya Kifalme ya Jiografia ya London ikampa medali ya fedha, na pensheni ikafuata. Mtu aliyepigiwa kura na mabwana wanne mfululizo, wote wakinung'unika, ana sifa zilezile zilizompa Brennan tuzo tatu: anajua kazi, anavumilia kisirani cha mkubwa, na picha haisimami bila yeye. Na tukumbuke kwamba kunung'unika kwa Slocum ndiko kunakomfanya apendwe. Kasoro ya Bombay haikumzuia kuingia filamuni. Ilichukuliwa nayo pia, ikapewa Brennan, na mdomoni mwake ikawa ucheshi.

Brennan mwenyewe hana kosa. Alipewa kazi akaifanya, kama alivyozoea, na kama kuna mtu Hollywood ambaye angemwelewa Bombay ni yeye. Mashtaka haya ni ya waliokaa mezani kugawa nafasi. Njia yenyewe wakati huo ilikuwa imekwisha badilika: reli ilifika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, na frasila mbili za begani zikawa kitu cha kusimuliwa na wazee. Wazee hao, wengine wao, walikuwa hai filamu ilipotoka. Mwaka 1990 Bob Rafelson alitoa Mountains of the Moon, filamu ya safari ya Burton na Speke, na humo Bombay yumo kwa jina lake, akiigizwa na Paul Onsongo. Nafasi si kubwa, lakini anayetembea ni Bombay.

Tembe la Kwihara limefanywa makumbusho, na wageni huenda kutazama mahali Stanley na Livingstone walipokaa pamoja Februari na Machi 1872. Wewe unayekwenda, ukishaonyeshwa habari za hao wawili, uliza na za Bombay wa dola 80, na za Ambari, Mabruki, Ulimengo, Baruti na Uledi, waliokuwa wakilipwa dola 40 kwa mwaka.